Tepu za baba zinanuka siki, nyingine zinanata: nianzie wapi?

"Shikamoo mwalimu. Baba yetu alifariki mwaka jana. Alikuwa mpiga kodiani katika klabu moja ya taarabu hapa Unguja, na ameacha sanduku lenye tepu 14 za rili alizorekodi mwenyewe mazoezini na harusini, nyingi za miaka ya 1960 na 1970. Kuna pia kipande cha filamu ya milimita 16 chenye mstari wa kahawia pembeni. Natengeneza filamu ya makala juu ya maisha yake na kituo cha televisheni kinaitaka baada ya wiki sita. Tepu tatu zinanuka siki. Mbili zinanata, moja nilipoijaribu kwenye mashine ya jirani ililia kama mlango uliokosa mafuta, ikaacha uchafu wa kahawia, nikazima. Nyingine inacheza haraka kama katuni, na chini yake anasikika mtu anasema maneno yasiyoeleweka. Kijana mmoja wa studio anasema atazirekodi zote kwa MP3 ndani ya siku moja, kisha programu ya akili mnemba itaondoa kelele zote. Mwingine kasema zinazonata nizitie kwenye oveni. Naogopa kuziharibu. Nifanye nini?"

Marahaba, mwanangu. Pole sana kwa kuondokewa na baba, Mwenyezi Mungu amrehemu. Jambo kubwa umeshalifanya: uliposikia mashine inalia, ulizima. Nimeletewa tepu nyingi ambazo mwenyewe alizivumilia zilie mpaka mwisho akidhani zitatulia, na kilichobaki juu yake hakitoshi hata wimbo mmoja.

Katika barua yako kuna kazi mbili zilizochanganywa kuwa moja, na hapo ndipo hatari ilipo. Kazi ya kwanza ni kuitoa sauti kwenye tepu na kuiweka kwenye kompyuta kama ilivyo. Ya pili ni kuisafisha ili ipendeze kwenye filamu. Tepu mgonjwa huenda ikakubali kuchezwa mara moja tu maishani mwake, kwa hiyo kazi ya kwanza haina marudio. Kusafisha unaweza kurudia kesho, au miaka 20 ijayo ukiwa na zana bora kuliko za leo. Wiki zako sita zitumie karibu zote kwenye kazi ya kwanza. Huyo kijana wa studio simkatai, pengine ni hodari wa kusafisha, lakini anaikimbilia ya pili kwa kuiruka ya kwanza.

Tepu ni utepe wa plastiki uliopakwa unga laini wa oksidi ya chuma, na unga huo unashikiliwa na gundi. Sauti yote imo ndani ya unga. Ule uchafu wa kahawia uliouona kwenye mashine ya jirani ndio unga wenyewe, maana yake kipande cha muziki kimebanduka. Mwambie jirani asicheze chochote mpaka asafishe njia nzima ya tepu kwa pamba na spiriti safi. Sasa, tepu zako zina magonjwa mawili tofauti, na dawa ya moja ni sumu kwa nyingine.

Zinazonuka siki zinaumwa plastiki. Tepu nyingi za zamani, hasa kabla ya miaka ya 1970, zilitengenezwa kwa asetati, na asetati ikikaa kwenye joto na unyevu huanza kutoa asidi ileile iliyomo ndani ya siki. Asidi ikishatoka inaharakisha uozo ulioizaa, kwa hiyo ugonjwa hukimbia kadiri unavyokua, na mvuke wake unazifikia tepu zilizo karibu nayo. Zitenge hizo tatu leo hii. Zitoe kwenye mifuko ya plastiki, ziweke kwenye maboksi ya karatasi yanayopitisha hewa, zisimame wima kama vitabu, katika chumba kikavu na cha baridi kuliko vyote ulivyonavyo. Friji ya jikoni usiitumie. Ukiitoa tepu humo, hewa yetu ya Unguja italowesha kila mzunguko. Kipimo ni rahisi: inua rili dhidi ya taa na uitazame kwa ubavu. Mwanga ukipenya kati ya mizunguko, hiyo ni asetati. Ikiwa nyeusi kabisa, mara nyingi ni poliesta, plastiki ya aina nyingine. Asetati huwa ngumu, hupinda kama ganda kavu, na ikivutwa hukatika mkato safi. Habari njema ni kwamba mkato safi unaungika vizuri, na tepu ya namna hii, hata ikinuka, mara nyingi bado inacheza mbele ya fundi mwenye subira.

Zinazonata zinaumwa gundi. Baadhi ya tepu, hasa za poliesta zilizotengenezwa kuanzia miaka ya 1970, zilitumia gundi ya poliyurethani ambayo hufyonza maji ya hewani na kuvunjikavunjika, mpaka inageuka kama utomvu. Ampex 456 ni maarufu kwa ugonjwa huu, na ilikuwa tepu ya studio kubwa duniani. Ndiyo maana ulisikia kilio: tepu inashika na kuachia mamia ya mara kwa sekunde. Usiirudishe nyuma hata kwa mkono, kwa sababu kila mzunguko unaobanduliwa unaondoka na unga.

Aliyekuambia habari ya oveni hakukudanganya, ila amekupa nusu ya habari. Kuoka tepu ni tiba halisi, hifadhi kubwa zinaifanya. Joto la nyuzi 50 hadi 54, kwa saa nane au zaidi, hukausha gundi ikashika tena kwa muda, nao ni wiki chache, pengine mwezi au zaidi. Lakini hufanywa kwenye tanuri la maabara ambalo joto lake halichezi. Oveni ya jikoni ukiiandikia 50 inaweza kuruka ikapita 70 kisha ikashuka, na hapo plastiki inajikunja moja kwa moja. Na ole wako ukiitia humo tepu ya asetati, kwa sababu joto ndilo linaloiua. Kwa hiyo zile mbili usiziguse mpaka zifike kwa mtu mwenye vifaa, naye ahakikishe kwanza kama ni gundi kweli, maana wakati mwingine tepu hunata kwa ukungu au soda iliyomwagika miaka 40 iliyopita. Ukiona nyuzi nyeupe kama utando, huo ni ukungu. Vaa barakoa, usiupulize kwa mdomo.

Tepu ya katuni isikutie hofu, hiyo pengine ndiyo nzima kuliko zote. Mashine za nyumbani zilikuwa na mwendo wa sentimita 19, 9.5 au 4.75 kwa sekunde. Iliyorekodiwa kwa 9.5 ukiicheza kwa 19, sauti inapanda oktavu nzima. Na huyo mtu anayesema maneno yasiyoeleweka anasema kinyumenyume. Baba alirekodi upande mmoja, akaigeuza rili, akarekodi upande wa pili kwenye nusu nyingine ya upana wa utepe. Mashine ya jirani yako ina kichwa, ile hedi ya kusomea, kinachosoma pande zote mbili kwa pamoja, au mistari yake haikupangwa kama ya mashine ya baba. Fundi atakuuliza mashine aliyotumia mzee ilikuwa gani. Kama bado ipo stoo, hata imekufa, mpelekee picha yake.

Mwendo nao unataka uangalifu zaidi ya kuchagua namba kwenye swichi. Vinasa sauti vya betri vilipunguza mwendo betri zikidhoofika, kwa hiyo leo ukiicheza tepu yake kwa mwendo sahihi utasikia mwimbaji anaharakisha pole pole kuelekea mwisho wa tepu. Mafundi wazuri hutafuta mvumo wa umeme uliojipenyeza kwenye kurekodi. Umeme wetu una mizunguko 50 kwa sekunde. Mvumo ukisomeka 52, ujue tepu inakwenda kasi kwa asilimia 4. Wewe una kipimo kingine ambacho wengi hawana. Kodiani la baba lipo? Fidla na ganuni, ile ala ya nyuzi nyingi, hutiwa sauti upya kila jioni, haziwezi kushuhudia. Ndimi za chuma za kodiani zimekaa palepale, au karibu na pale. Rekodi noti zake chache na umpe fundi zikae pamoja na tepu. Mimi ningelilinda kodiani hilo kama ninavyozilinda tepu zenyewe.

Nakuja kwenye jambo ambalo wauza huduma hawalitaji, na ndilo linalotenganisha fundi na mtu mwenye mashine tu. Hedi ya kusomea ina ufa mwembamba kuliko unywele. Ufa huo lazima usimame kwa pembe ileile uliyosimama ufa wa mashine iliyorekodi. Ukiinama kidogo tu, sauti za juu zinafifia: zile "s" za mwimbaji, ncha ya mpigo wa ganuni, pumzi ya nai, ile filimbi. Kuna skrubu ndogo pembeni ya hedi. Fundi anaizungusha kwa bisibisi taratibu huku anasikiliza mpaka pazia linafunguka, na anafanya hivyo upya kwa kila tepu, mara nyingine kwa kila upande. Dakika tatu za kazi. Zikirukwa, hakuna programu duniani itakayorudisha kisichosomwa. Ukienda studio, waulize: "Mnarekebisha pembe ya hedi kwa kila tepu?" Wakikutazama tu, shukuru na uondoke na sanduku lako.

Ahadi ya siku moja nayo hesabu yenyewe inaikataa. Rili ya sentimita 18 yenye mita 360 za tepu, kwa mwendo wa 9.5, inachukua dakika 63 kila upande. Tepu 14, pande mbili, ni karibu saa 29 za kucheza, na tepu haichezwi kwa haraka. Ongeza kuungia mikato, kusafisha mashine kila baada ya rili, kusikiliza. Fundi mmoja makini atahitaji wiki mbili.

MP3 ikatae kabisa kwa nakala ya hifadhi. Inapunguza ukubwa wa faili kwa kutupa kile ambacho sikio halikigundui wakati huo. Tatizo ni kwamba msafishaji akija baadaye kupandisha sauti iliyojificha, anakuta mashimo. Dai faili za WAV, sampuli elfu 96 kwa sekunde, biti 24, kiwango kilichoenea katika hifadhi kubwa; IASA, chama cha kimataifa cha hifadhi za sauti na picha, wanataka isipungue elfu 48 kwa biti 24. Saa moja ya sauti ya mono, yaani ya mkondo mmoja, kwa kiwango cha elfu 96 ni takriban gigabaiti 1, hivyo sanduku zima la baba litaenea kwenye flashi ya kawaida. Zihamishwe bila kusafishwa chochote, bila kukatwa ukimya wa mwanzo wala wa mwisho. Piga picha kila boksi na kila mwandiko wa mkono. Weka nakala tatu, mojawapo nje ya nyumba yako, na tepu zenyewe usizitupe.

Kuhusu haraka, mwaka 2019 UNESCO na IASA walitoa tahadhari kwa dunia nzima: ifikapo karibu 2025, kuhamisha sauti kutoka tepu za sumaku kutakuwa kazi isiyowezekana katika sehemu nyingi. Sababu kubwa waliyoitaja ni mashine. Karibu hazitengenezwi tena, vipuri ni adimu, na wanaozijua wanastaafu. Kwetu mafundi hao ndio waliozeeka redioni. Ulizia waliowahi kufanya kazi Sauti ya Tanzania Zanzibar au iliyokuwa Redio Tanzania Dar es Salaam. Mtu aliyeshinda miaka 25 mbele ya mashine hizo, mikono yake haijasahau. Ukilazimika kusafiri, mashine ya eksirei ya uwanja wa ndege haifuti tepu, hiyo ni hofu isiyo na msingi. Ogopa jua la sitahani na spika kubwa, kwa sababu spika ina sumaku.

Sasa akili mnemba. Programu hizi zina nguvu kweli, na zipo kazi nilizozifanya kwa msaada wake ambazo miaka kumi nyuma ningezirudisha kwa mwenyewe. Zinavyofanya ni kujifunza kelele ina umbo gani na sauti ina umbo gani, kisha kuzitenganisha. Lakini zimejifunza zaidi kwa hotuba safi na muziki wa studio za leo. Zipe harusi ya Unguja uone: vigelegele vinafanana na kelele, vinaliwa. Makofi yanaliwa. Mkia wa nai unageuka maji. Mwimbaji anabaki kama yumo ndani ya bomba, peke yake, mahali pasipo na watu.

Niliwahi kusafisha sauti ya bibi mmoja akiimba wimbo wa kubembeleza mtoto, imerekodiwa barazani. Nikaondoa mawimbi, nikaondoa kuku, nikaondoa mtwangio wa nyumba ya pili, nikaona nimefanya kazi ya kujivunia. Mjukuu wake alisikiliza kimya, kisha akaniuliza: "Hapa bibi alikuwa wapi?" Usiku ule ule nilirudi kwenye faili ghafi nikaanza upya. Faili ghafi lilikuwapo. Ndiyo maana nasisitiza sana kazi ya kwanza.

Kwa hiyo safisha kidogo kidogo. Ondoa kwanza mikwaruzo na tik tik za ghafla, kisha mvumo wa umeme kwenye 50, 100 na 150, halafu ndiyo uguse ile "shhh" ya tepu, na uishushe kwa desibeli 6 hivi badala ya 20. Kila hatua, sikiliza kile ulichokiondoa peke yake. Programu nzuri ina kitufe cha kufanya hivyo. Ukisikia silabi au nyuzi za fidla ndani ya takataka, umevuka mpaka. Watu wa pwani wamesikiliza santuri alizorekodi Siti binti Saad kule Bombay mwaka 1928 kwa vizazi, pamoja na mikwaruzo yake, na hakuna aliyesema hamsikii Siti.

Kwenye filamu kuna siri nyingine ambayo mhariri wako anapaswa kuijua. Mtazamaji haudhiki na kelele iliyotulia, ubongo wake unaizoea baada ya sekunde chache. Kinachomshtua ni kelele kuanza ghafla na kukatika ghafla. Basi ianzishe "shhh" ya tepu taratibu chini ya picha iliyotangulia, kabla baba hajaanza kupiga, na ikimaliza iache ifie polepole ndani ya picha inayofuata. Kwa hiyo hifadhi kila kipande cha ukimya kilichomo kwenye tepu, utakihitaji. Na rekodi za mono zibaki mono, katikati.

Kile kipande cha milimita 16, ule mstari wa kahawia ni sumaku, umebeba sauti. Kinuse leo; filamu nayo mara nyingi ni asetati, na zenye mstari huo huwahi kuugua. Usikiweke kwenye projekta. Unapotafuta mahali pa kukiskani, waambie mapema kwamba kuna sauti ya sumaku, kwa sababu maabara nyingi husoma picha tu. Sauti iko fremu 28 mbele ya picha yake, kama sekunde moja na kidogo, nao wanajua kuirudisha. Wakumbushe pia kwamba televisheni yetu inakwenda fremu 25 kwa sekunde wakati filamu huenda ilipigwa kwa 24. Wakiiharakisha kienyeji, muziki unapanda kwa asilimia 4, na wazee wa klabu watajua mara moja kuwa si sauti yao. Hiki sidhani kama kitawahi wiki sita. Zungumza na kituo sasa. Mhariri mwenye busara atapokea picha za mnato na tepu nzuri kuliko filamu iliyochanika.

Mambo mawili ya uaminifu. Ukiweka sauti ya mazoezi ya mwaka fulani juu ya picha za harusi ya mwaka mwingine, andika kwenye skrini. Zanzibar ilianza televisheni mapema miaka ya 1970 na Tanzania Bara haikuwa nayo hadi 1994, kwa hiyo picha za zama zile ni chache na kishawishi cha kuchanganya ni kikubwa. Watakaokuja watazichukua filamu kama yako kuwa ushahidi. Na nyimbo zina watunzi na waimbaji wengine zaidi ya baba. Pita COSOZA, taasisi ya hakimiliki ya Zanzibar, kabla ya kutangaza, si baada.

Kama ningekuwa wewe, wiki hii ningetenga zenye siki, ningefungia mbili zinazonata, na zile nane zilizobaki pamoja na ile ya katuni ningezipeleka mwenyewe kwa fundi wa rili, nikae naye rili ya kwanza yote. Katika hizo tisa utapata filamu yako. Zenye siki zifuate mara tu mikono ya fundi ikishazoea, na zinazonata ziende kwa mwenye tanuri hata kama filamu itakuwa imeshatoka.

Faili ghafi la kwanza likipatikana, kabla hujalisafisha, likusanyie wazee wa klabu waliobaki na mama. Wachezee lote, pamoja na maongezi ya kati ya nyimbo, na uwarekodi wakiwa wanasikiliza. Watakutajia nani anapiga fidla, nani kakohoa, harusi ilikuwa ya nani na mtaa gani. Maboksi ya baba hayakuandikwa hayo, na kompyuta haiwezi kuyajua.